Chumvi ya Lama na Shingo ya Basilia

Huku kwetu Chullunkani, juu milimani Bolivia, supu ya viazi hukolezwa kwa chumvi ya mwamba. Wanaume huileta kutoka jangwa la chumvi, mabonge mazito migongoni mwa lama, wanyama wetu wa mizigo na sufu. Mama Eduviges aliweka bonge lake kando ya jiko, jeupe lenye mistari ya kijivu. Kila akipika, alilikwangua kwa kisu.

Mkwewe, Basilia, alikuwa mjamzito. Mimba yake ya kwanza ilikuwa imetoka. Sasa shingo ilikuwa imevimba. Aliona baridi hata juani, alishinda ameketi kigodani, na blanketi alilokuwa akifuma lilibaki nusu kwenye mtambo wa kufumia.

"Mkwe, umefunga ndoa na hicho kigoda?" Eduviges akamtania.

"Mwili hautaki, mama. Naogopa na huyu nitampoteza."

Mzaha ukamwishia Eduviges mdomoni. Akamwita jirani yao Nicanora, mhudumu wa afya wa kijiji.

Nicanora akampapasa Basilia shingo, taratibu. "Meza mate." Uvimbe ukapanda, ukashuka. "Hili ni rovu. Ile chumvi ya pakiti niliyowaletea, yenye madini joto, iko wapi?"

"Ile ya unga?" Eduviges akacheka. "Tunawapa lama. Haina ladha, ile."

"Ohoo! Ndiyo maana lama wenu wamenona! Lama anakula kizuri, mkwe anakula jiwe!"

Nicanora akakaa kando ya mtambo wa kufumia.

"Sikia, Basilia. Hapa shingoni kuna tezi, ina umbo la kipepeo. Ni mfumaji kama wewe. Inafuma homoni. Homoni ndizo zinazoupa mwili joto na nguvu, na ndizo zinazosaidia kujenga ubongo wa mtoto tumboni."

"Na sufu yake inatoka wapi?"

"Sufu yake ni madini joto. Yanatoka kwenye chakula. Sasa, chini ya ubongo kuna tezi nyingine, ndogo tu. Huyo ndiye msimamizi. Homoni zikipungua, anapiga kelele: 'Fuma! Fuma!' Zikitosha, ananyamaza."

"Sufu ikiisha?"

"Anazidi kupiga kelele. Tezi ya shingo inahangaika, inatanuka, inaongeza mitambo. Karakana kubwa, blanketi hakuna! Huo ndio uvimbe wako."

Eduviges akalitazama bonge lake. "Kumbe hili jiwe ndilo linalomla mjukuu wangu?"

"Jiwe halina sumu, mama. Limekosa madini joto tu. Lakini kesho Basilia aende hospitali. Mimba haisubiri."

Kesho yake mumewe, Fermín, akampeleka. Damu ikapimwa. Homoni zilikuwa chini. Daktari akampa vidonge vya homoni hiyo, vya kumeza kila asubuhi kabla ya kula, akamwambia arudi mara kwa mara kupimwa.

Nyumbani, chumvi ya pakiti ikahamia kwenye kopo lenye kifuniko, mbali na moshi. Eduviges akawa anaitia chungu kikishaepuliwa, ili madini joto yasipotee.

"Lama watalalamika," Fermín akasema.

"Na wao waende hospitali!" mama yake akamjibu.

Nguvu zikaanza kumrudia Basilia. Uvimbe ukanywea kidogo kidogo. Blanketi likaisha kabla ya uchungu kuanza, na Zenobia akazaliwa akilia hadi majirani wakatoka nje. Hospitalini muuguzi akamtoa tone la damu kisiginoni, likapimwa. Tezi yake ilikuwa nzima.

Mtoto alipoanza kukimbia, ndugu wote wakaja kumkata nywele za kwanza, kama ada yetu. Baba wa ubatizo akainua mkasi. Zenobia akautazama, akamtazama baba huyo, akachomoka katikati ya miguu ya wageni.

"Mshikeni!" Fermín akapiga kelele, akamfuata akihema.

Basilia akampita mumewe mbio, akamnyaka binti mlangoni mwa zizi, akamwinua juu. Uwanja mzima ukapiga makofi.

"Mmeiona akili hiyo?" Eduviges akawauliza wageni, mikono kiunoni. "Kaona mkasi, katoroka! Nani kamfundisha? Hakuna!"