Sauti Nyuma ya Mlango

Alhamisi, saa nne asubuhi, Papa Prospère alikutwa amekufa kitandani kwake, mtaani Kataki, mto wa kulalia ukiwa umemfunika uso. Kalemie nzima ilimjua. Ndiye aliyeigiza mkulima kwenye filamu, mwenye kofia ya majani, jembe begani na sauti nzito iliyojaa vijiji vya Niemba, ingawa alizaliwa mjini na hakuwahi kulima hata tuta moja.

Inspekta Syntiche alianza na Mama Godelieve, jirani aliyeikuta maiti.

"Saa mbili nilibisha mulango, nilimuletea samaki. Akaitikia mwenyewe: 'Weka hapo chini, Mama, niko navaa.' Kurudi saa nne, samaki wako palepale. Njo hapo nikaingia."

"Una hakika ni yeye?"

"Sauti ya Papa Prospère? Hata mutoto anaijua!"

Kati ya saa mbili na saa nne, aliyeonekana akiingia uani ni Alfani peke yake, aliyegombana na marehemu juu ya mpaka wa kiwanja. Akakamatwa.

"Nilibisha, kimya. Nikaenda zangu," aliapa. Hakuna aliyemwamini.

Saa nane mchana daktari akamvuta Syntiche pembeni.

"Alikufa mapema, kwenye saa moja. Na koo lake limeliwa na ugonjwa. Karibu mwaka mzima huyu hakuweza zaidi ya kunong'ona."

Syntiche alifungua tena maelezo ya jirani. Basi nani alimjibu Mama Godelieve?

Akaenda studio alikofanyia kazi marehemu, akaiangalia filamu yake ya mwisho kutoka mwanzo. Kila aliposema mkulima, ama alikuwa amegeuka, ama kofia ilimfunika midomo. Sauti ilinguruma, kinywa hakikuonekana hata mara moja.

"Nani alimusemea?" akamuuliza Idriss, fundi wa sauti.

Idriss akainamisha kichwa. "Chérubin, mwanafunzi wake. Hata nyumbani alimujibia watu nyuma ya mulango. Papa alitukataza kusema."

Jioni Alfani aliachiwa, na Chérubin akaketishwa mbele ya meza ya Syntiche.

"Leo ulifika studio saa mbili na nusu," Syntiche alisema. "Saa mbili, Papa akiwa maiti, muntu aliongea nyuma ya mulango wake. Mujini humu, mwenye sauti ile amebaki mumoja tu."

Chérubin aliifuta mikono yake kwenye suruali.

"Nilimuomba jina langu liandikwe kwenye filamu mupya. Jina tu! Akaninong'oneza: 'Bila uso wangu, wewe ni upepo.' Akacheka. Nikakamata mto... Kisha nikakaa naye. Mama alipobisha, sikupanga kujibu. Kinywa kilijibu chenyewe. Nikatoka kwa mulango wa nyuma."

Kalamu ya Syntiche ilikuwa imesimama. Askari aliyekuwa mlangoni alirudi nyuma hatua mbili, akafanya ishara ya msalaba.

"Ongea na sauti yako," Syntiche alimwambia.

Chérubin alifungua kinywa, akajaribu mara moja, mara ya pili, jasho likimtiririka.

"Njo hii tu iliyobaki, Mama Inspekta," ikajibu sauti ya Papa Prospère.