Pasi Baridi Ilininyima Kumpokea Mama Kaburini

Wasomaji wenzangu, nina miaka arobaini na saba, fundi cherehani wa hapa Gisenyi. Shule niliichungulia tu, lakini hata Wabelgiji wa boma huniletea suruali zao. Nilianza na sindano moja, leo vyerehani vitatu ni vyangu. Katika mtaa wetu wa Waislamu, nani mwingine amefika hapo?

Lakini moyoni nilikuwa na ugonjwa... wasiwasi wa pasi ya makaa. Mwanzoni kila jioni nilirudi dukani mara moja kuhakikisha nimeyamwaga makaa, yasije yakachoma duka. Baadaye mara tatu, mara tano. Niliacha chakula kikipoa. Mke wangu Zaina akanitania, "Bwana, ungeoa ile pasi tu, mi nirudi kwetu." Nilimjibu kwamba uangalifu ndio ulionitajirisha.

Kisha mama akafariki. Asubuhi hiyo nilimkatia sanda kwa mkono wangu, nikafunga duka. Pasi hata sikuiwasha.

Baada ya swala ya adhuhuri tukabeba jeneza. Mimi, mwanawe wa kiume wa pekee, ndiye wa kushuka kaburini kumpokea. Njiani nikasikia harufu ya moshi... Nikageuka. Hamisi, mume wa dada yangu, akanishika kanzu.

"Shemeji, unaenda wapi? Leo hakuna mutu amewasha pasi. Mama iko mbele."

Nikasema narudi sasa hivi. Nikakimbia.

Pasi ilikuwa baridi kama maji ya ziwa. Mnajua nilifanya nini? Niliigusa tena. Na tena.

Nilipofika makaburini, udongo ulikuwa umeshamfunika mama. Hamisi alikuwa na tope mpaka viwikoni. "Tulikungoja sana," akasema polepole. "Nikashuka mimi." Angenitukana, ningeshukuru.

Nililia wiki nzima. Zaina ndiye aliyenishauri: mwaga makaa, gusa mara moja, sema kwa sauti "nimeona", ondoka. Wasiwasi ukiita, uache uite. Siku za kwanza nilitoka jasho njia nzima, nikatamani kurudi... sikurudi. Na kila alasiri namwambia Zaina yote yanayonisumbua, tukimaliza tunanyanyuka. Wasiwasi bado unaniita, lakini siufuati.

Ndugu yangu unayegeuka kurudi mlangoni mara ya pili, nakusihi, endelea na safari yako. Huko mbele kuna mtu anakungoja, naye hawezi kungoja sana.