Sahani ya Ocante

Jambo la mwisho la kawaida lilikuwa samaki. Epifania alimpakulia mumewe samaki wa kuchoma aliyelowekwa kwenye mawese, akamwekea mbele ya mlango wa nyumba mpya, naye Justino akala mpaka akapangusa sahani kwa kidole. Alipokuwa akila, mkewe alimcheka, kama alivyokuwa akimcheka tangu siku ya kuchimba msingi.

"Mwanamume mzima anajenga nyumba," alisema. "Mwakani utajifungua na mtoto, mimi nikukande kwa maji ya moto."

"Nikijifungua nitampa jina la mama yako."

"Mama yangu alijenga yake kwa mikono yake. Kwa udongo, si kwa mawe ya watu."

Pale kisiwani nyumba ni kazi ya wanawake. Mwanamke hukanda udongo, husimamisha kuta, kisha humwingiza ndani mwanamume anayemtaka, na mambo huanza na sahani: anampelekea samaki kwenye mawese, na mwanamume akishaila hana tena la kusema. Ameshaoa, au tuseme ameshaolewa. Justino aliyajua hayo. Lakini alikuwa amekulia mjini Bolama, akajifunza uashi chini ya Wareno, na aliporudi baada ya bendera yao kushushwa alikuta boma lao la kisiwani limebaki kuta tupu. Mawe yalikuwa mazuri, yamechongwa pande zote, na magugu yalikuwa yakiota juu yake. Aliyabeba kidogo kidogo kiangazi chote. Alichoma maganda ya chaza akapata chokaa, akajenga nyumba ambayo mvua haingeweza kuigusa. Wanawake walipita, wakatazama, wakaenda zao bila kusema neno.

Kesho yake mchana, Epifania alipakua sahani mbili.

Moja aliiweka mbele ya mumewe. Ya pili aliipeleka chumbani, akaiweka sakafuni kwenye ukuta wa mashariki.

"Hiyo ya nani?" Justino aliuliza.

"Ipi?"

"Hiyo uliyoiweka ndani."

Epifania alikwenda kuitazama, na akaitazama kwa muda mrefu, kama mtu aliyekuta mtoto wa jirani amelala kitandani kwake. "Sijui," alisema. "Nimepakua tu."

Walicheka, wakawapa kuku. Siku iliyofuata sahani ilikuwepo tena, na safari hii Justino aliona ndani yake lile pande la tumbo lenye mafuta, ambalo siku zote lilikuwa lake. Yeye alikuwa amepewa mkia.

Mtu aliyemjengea mke nyumba ya mawe anapopewa mkia haanzi kufikiria mizimu. Anafikiria wanaume. Justino alimfikiria Benvindo, mgema, ambaye zamani watu walidhani ndiye Epifania angempelekea sahani. Alimkuta juu ya mchikichi, mkanda wake umezunguka shina, kibuyu kinaning'inia kiunoni.

"Benvindo! Siku hizi unakula wapi?"

"Kwa dada yangu, fundi. Wali na manung'uniko. Manung'uniko hayaishi, wali unakwisha."

"Sahani ya mke wangu umeionja?"

Benvindo alicheka mpaka mkanda ukatikisika. "Kaka, mimi ningekuwa nimeionja sahani ile, usingenikuta hapa juu. Na wewe vitu vyako vingekuwa uani muda huu, vinanyeshewa."

"Nakuuliza kama mwanamume."

"Na mimi nakujibu kama mwanamume. Sijala." Alimtazama chini, na kicheko kikamtoka usoni. "Lakini kama kuna anayepelekewa, mtafute. Mkeo anakonda, Justino. Kijiji chote kinaona isipokuwa wewe."

Ilikuwa kweli. Epifania hakuwa anakula. Alipakua, akaweka, akakaa. Usiku alimpa mumewe mgongo, na Justino alipomgusa bega alishtuka, akavuta shuka kama mwanamke anayelindwa na mtu mwingine. Tena kulikuwa na harufu. Chokaa ya nyumba ile ilikuwa imekauka zamani, lakini mchana, kijiji kikilala na hata mbuzi wakinyamaza, chumba kilinuka chokaa mbichi, ya moto, ile inayokwangua koo na kuliza macho. Na baada ya harufu ilikuja sauti. Kiganja juu ya jiwe. Pa. Kimya kirefu. Pa. Justino alitoka akazunguka ukuta kwa nje, akakuta jua na mjusi. Aliporudi ndani, sauti ilikuwa inatoka upande wa nje.

Siku moja aliaga kwamba anakwenda ufukweni kuokota maganda ya chaza. Hakufika mbali. Alirudi kwa nyuma, akachuchumaa chini ya dirisha lake mwenyewe kama mwizi, kwa sababu alikuwa amekwisha kuamua kwamba siku hiyo atamwona huyo mtu na kumshika. Akamsikia mkewe akizungumza ndani, kwa sauti ya chini na ya upole ambayo Justino hakuwahi kuisikia tangu mwaka wa kwanza wa ndoa yao, akisema, "Kula basi. Kula, imepoa," kama anayembembeleza mgonjwa. Akainuka, akachungulia, akaona hakuna mtu: Epifania peke yake, amepiga magoti mbele ya sahani, shavu lake limegandamizwa kwenye jiwe, mkono wake umelala juu ya ukuta kama mkono unavyolala juu ya kifua cha mtu, na jiwe likampigia kutoka ndani, pa, naye akatabasamu. Kisha mdomo wake mwenyewe ukafunguka, na sauti iliyotoka humo ilikuwa ya kijana wa kiume, kavu, ya mtu ambaye hajanywa maji kwa siku nyingi, ikasema neno moja tu:

"Mlango."

Mtu mwingine angekimbia. Justino naye angekimbia, kama si lile tabasamu. Wivu uliushinda woga, maana aliliona tabasamu lile na akajua kwamba hakuwahi kupewa kama hilo, si siku alipoila sahani yake, si siku nyumba ilipoezekwa, na likamwingia wazo ambalo pale pale lilionekana kwake la busara kabisa: kama yuko anayepelekewa chakula, basi nikikimaliza mimi atakula nini? Aliingia, akamsogeza mkewe kwa bega, akakaa sakafuni akiuelekea ukuta, akala. Alikula samaki wote, akameza na miiba midogo, akainamisha sahani akanywa mawese yaliyobaki, macho yake hayaachi jiwe.

Ukuta ulinyamaza.

"Umeona?" alimwambia mkewe. Alikuwa anahema. "Umeona? Kwisha."

Ndipo kuta zote nne zikapiga kwa pamoja, kila jiwe kama kwamba lina kiganja nyuma yake. Mapigo yalikuwa ya haraka, ya mtu anayesikia hatua zikienda mbali na kujua kwamba hazitarudi, na vumbi la chokaa likamwagika kutoka kwenye viungo likafunika sahani na nywele zao, na Epifania akaanguka ubavu, midomo yake myeupe, kucha zake zikikwaruza sakafu, akisema kwa ile sauti nyingine, si kwa hasira bali kwa uchovu wa kutisha:

"Tena. Mmeila tena."

Bibi Dominga, mlinzi wa nyumba ya mizimu, aliitwa na Benvindo, aliyesikia kishindo kutoka juu ya mti. Alikuja bila haraka. Alimtoa Epifania nje kwanza, akamlaza kwenye kivuli, kisha akarudi kusimama mlangoni bila kuvuka kizingiti.

"Mawe haya uliyatoa upande gani wa boma?"

"Pande zote, bibi."

"Na chumba kile kidogo kisichokuwa na dirisha?"

Justino aligeuka kuutazama ukuta wa mashariki. Mawe ya chumba kile ndiyo yaliyokuwa bora kuliko yote.

Bibi Dominga alikaa chini. Alisimulia kwa maneno machache, kama watu wanavyosimulia jambo wanalodhani kila mtu analijua. Kulikuwa na kijana anaitwa Ocante. Mreno wa boma alimtaka abebe machela yake, yeye akakataa, akatiwa kwenye kile chumba. Msichana mmoja, Kinta, alikuwa amekwisha kuloweka samaki wake. Akampelekea sahani huko huko. Askari hakumruhusu. Akaiweka chini, nje ya ukuta, ili kijana walau asikie harufu. Siku ile ile Mreno akaenda Bolama kwenye sherehe zao, na askari wake wote nyuma yake, na ufunguo mfukoni. Hakuna aliyekumbuka. Watu waliogopa kuvunja mlango wa serikali. Walimsikia akipiga ukuta kwa kiganja mpaka alipoacha.

"Na sahani?" aliuliza Justino.

"Aliila mwingine. Mwaka haujaisha, Kinta alipika tena, akampelekea mwanamume mwingine, naye akaila. Nani atamlaumu? Alikuwa msichana." Bibi Dominga alielekeza kidevu kwa Epifania. "Kinta ndiye bibi yake huyo, mzaa mama. Mkeo ana uso wake, pua mpaka masikio. Na wewe ukamjengea kijana wa watu chumba chake upya, ukamletea uso ule ndani, na chakula. Kisha ukakila mbele yake."

"Sikujua."

"Ungemwachia mkeo ajenge, mawe yale asingeyagusa. Sisi sote tunajua. Wewe ulikuwa Bolama."

Epifania alihema, na kila pumzi ilikuwa fupi kuliko iliyotangulia. Chokaa ilikuwa inarudi kwenye midomo yake kila walipoifuta.

"Ocante alikufa hajaingia msituni kufundwa," alisema bibi. "Aliyekufa hivyo hana njia ya kwenda kwa wazee wake. Anazunguka. Sasa amechagua mwili wa kuingia nao. Tutampeleka Epifania msituni kwa jina lake, apite kila kitu ambacho kijana angepita. Ikiisha, atakwenda kwao."

"Muda gani?"

"Muda wa msitu. Miaka."

"Na huko atakuwa mke wangu?"

"Huko hatakuwa mke wa mtu. Atakuwa Ocante. Na akitoka atakuwa mkubwa kwako, maana wewe pia hujaingia."

"Hapana," alisema Justino. "Ni mke wangu. Siwezi kumwazimisha mfu."

"Na yeye ndivyo anavyosema. Ni wake." Bibi Dominga hakupandisha sauti. "Mjukuu wangu, mko wawili mnamvuta. Mmoja asipoachia, atakatika. Na huyo mwenzako hana mikono ya kuachia."

Justino alimtazama mkewe kifua chake kinavyoinuka, akangoja kiinuke tena, na kikachelewa. Kikachelewa zaidi.

"Mchukueni," alisema.

Walimbeba kabla jua halijatua. Bibi Dominga alimwachia onyo moja. Asubuhi atapitishwa kijijini kwenda msituni, na kila mtu atamsalimu kwa jina la Ocante, mumewe pia, kwa kinywa chake. Akiitwa Epifania hata mara moja, atageuka, na akigeuka, Ocante hatamwachia tena.

Usiku ule Justino hakulala ndani. Alikaa uani, na hakuogopa, maana nyumba ilikuwa kimya. Kilichokuwamo kilikuwa kimekwisha kuondoka na Epifania. Aliwaza kwamba mwanamume aliye hai unaweza kumtukana, kumpiga, kumngoja anenepe na kuota mvi. Mfu hazeeki. Aliwaza pia juu ya kule kugeuka. Angeliita jina, naye angegeuka, na kwa kufumba na kufumbua angekuwa Epifania, na macho yake na mdomo wake ulio tayari kumcheka, akimtazama yeye na si mwingine. Aliitaka nukta ile. Alikaa na tamaa hiyo mpaka ndege wakaanza, na haikupungua.

Asubuhi wanawake walitoka kwenye nyumba ya mizimu wakiwa msururu. Epifania alikuwa katikati, amenyolewa, amepakwa udongo mweupe, ngozi ya ng'ombe kiunoni na mkuki mkononi. Alikuwa anatembea vizuri. Alitembea mabega wazi, akikanyaga kwa kisigino, kama kijana anayejua kwamba wasichana wanamtazama. Watu walisimama milangoni.

"Ocante, njia njema."

"Njia njema, Ocante."

Benvindo alivua kofia, akasema hivyo hivyo, wala hakufanya mzaha.

Justino alishuka akasimama katikati ya njia, na msururu ukakoma. Bibi Dominga alimkazia macho. Jina lilikuwa ulimini mwake, lote, tamu, na kifua cha mkewe kilikuwa kinapanda na kushuka mbele yake, bila taabu yoyote.

"Ocante," alisema. Sauti ilimtoka kama kitu kilichokatwa. "Njia njema."

Uso ule mweupe ulimtazama kwa makini, bila uadui, kama mgeni anayetafuta kufanana kwa mtu.

"Wewe," ikauliza sauti ya kijana, "ndiye uliyenitunzia mke wangu?"

"Ndiyo," alisema Justino. "Ndiye mimi."

Kisha akatoka njiani, akawapisha.