Ukimya wa Kuchota

Jambo lenyewe lilianza kidogo tu: mama mtu alipiga chafya, na chafya haikusikika.

Binti yake, aliyekuwa akihariri filamu chumba cha pili, hakushtuka. Miaka yote alitengeneza filamu za peke yake, mara kivuli cha ndoo, mara ukuta unaolowa mvua, na wenye kumbi za sinema wakimwona walikumbuka wana safari. Mara hii tamasha kubwa la filamu limeipokea kazi yake. Filamu ni mama yake anasimulia maisha yake, basi. Na yule mama kwa domo, redio ikasome!

Kasoro ilikuwa moja. Wapiga filamu wakimaliza kurekodi maneno, wote hunyamaza, wakaurekodi ukimya wa chumba kile kile, waje kuulaza chini ya maneno uzibe mapengo. Yeye alisahau. Kwa kuwa nyumbani kwao kimya hakipatikani mama akiwa macho, akaenda kuuchota kwenye gofu la jirani, lile ambalo wenyewe walilihama bila kusema sababu. Hakubisha hodi. Hakuaga.

"Mama, unasikia harufu ya udongo mbichi?"

Mama akafungua kinywa. Sauti ikatoka nyembamba, kama inavutwa kwa ndani. "Mwanangu, kuna mtu ananimeza maneno."

Binti akakimbilia kompyuta. Midomo ya mama ilicheza kwenye kioo, maneno hayapo, na alipoongeza sauti hadi mwisho akasikia, chini kabisa ya ule ukimya, kitu kinatafuna, taratibu, kwa raha zake, kama mwenye nyumba anayekula peke yake, kikatafuna, kikatafuna, halafu kikaacha, na akajua kwa nywele za shingoni kwamba sasa kinamsikiliza yeye.

Mganga aliyeitwa, mama wa makamo, alinusa mlangoni asiingie.

"Bibie, umebeba mgeni bila kumwalika. Futa filamu yote. Usibakishe hata punje."

"Na tamasha je?" akanong'ona.

"Mama yako au tamasha. Chagua."

Akafuta huku analia. Mganga akafukiza chumba. Jioni ile mama alimsema fundi cherehani wa mtaani hadi sisi majirani tukasikia sote ukutani, tukajua amepona.

Ila mpiga filamu kufuta kazi yake ni kama bahili kutoa sadaka: mkono mmoja unatoa, wa pili umeficha. Nakala ilikuwa ndani ya mkoba. Akajiambia, si chumba kimeshafukizwa?

Siku ya tamasha mama alikaa mstari wa mbele, viatu vipya, akimgusa kila aliye karibu: "Huyo mtakayemwona ni mimi, na huyu ndiye mwanangu!"

Taa zikazimwa. Filamu ikapita hadi mwisho, taa zikawaka, watu wakasimama wote kushangilia, viganja vinapigana, vinywa wazi, na hakuna kilichosikika, wala kofi, wala kiti, wala mama aliyegeuka akimwita binti yake kwa midomo mitupu, macho yamemtoka, isipokuwa kitu kimoja, ukumbi mzima, taratibu, kwa raha zake.

Kinatafuna.