Lozi Mbili za Wietse

Jorien na Wietse walikutana wakigombea mfuko wa mwisho wa lozi, soko la Jumamosi pale mjini Leiden, Uholanzi, mvua ikiwapiga. Jorien ndani ya koti la njano, Wietse kashika baiskeli yake isiyo na kengele. Wietse akamwachia Jorien mfuko, kisha akamwomba namba ya simu. Walipohamia nyumba moja, majirani hawakushangaa.

Kila vuli Jorien husaga lozi kwa sukari, yai na ganda la limau, akaliweka donge lake kwenye friji wiki kadhaa liive taratibu. Ndilo hujaza biskuti za siku ya kuzaliwa ya mama yake, zile za mviringo zenye lozi moja katikati. Mwaka ule alizitegemea zaidi, maana mama alikuwa bado hajamkubali Wietse.

Siku ikafika. Viti vilipangwa duara, mashangazi na kahawa zao. Mama akauma, akatafuna polepole, akaiweka biskuti chini.

"Mwanangu, haya ni maharage."

Kweli, lilikuwa donge rahisi la maharage meupe, ambalo waokaji wabahili hulitumia badala ya lozi. Mashangazi wakainamia vikombe. Jorien akamtazama Wietse, akaona masikio yamemwiva kwa aibu.

Alimfukuza jioni ileile. Wietse alipiga simu wee, hata alipopokelewa akaambiwa, "Umenivua nguo mbele ya mama. Usinipigie tena."

Jumapili akaja mlangoni kalowa, na biskuti kubwa kama sahani. Katikati, lozi mbili.

Akaeleza kwamba alichukua donge la Jorien kuokea biskuti hiyo, za kwanza zikaungua, na hii ya mwisho ikamaliza donge. Akaogopa kusema, akaweka la maharage mahali pake kwenye friji.

"Nilitaka kukuuliza siku ile, mbele ya mama."

"Kuniuliza nini?"

"Hesabu lozi, mpenzi. Moja wewe, moja mimi."

Jorien akamega ukingo. Akaonja limau lake mwenyewe. Hasira haikushuka.

"Nenda kwa mama, peke yako, ukamwambie habari ya maharage. Kabla ya hapo mimi sitakujibu kitu."

Jioni simu ikalia. Alikuwa mama.

"Huyu mtu wako yuko jikoni kwangu anasaga lozi. Anasaga vibaya, lakini hajaacha. Unamtaka au nimfukuze?"

Jorien akavaa koti la njano, akivivuta vifungo kwa ghadhabu.

"Mwache hapohapo," akasema. "Nakuja kumgombeza mwenyewe, maisha yangu yote."