Mchezo Usioonyesheka

Kila siku baada ya masomo, Tamta alinunua mkate wa maharagwe wa moto, akaula njiani mpaka kwenye klabu ya sataranji ya Kutaisi. Mkate ulipaswa kuisha kabla ya mlango. Mwalimu Nargiza hakuwa na masihara na vidole vya mafuta juu ya kete zake.

Mwalimu Nargiza alikuwa bingwa mkuu, na juu ya cheo hicho mchezaji wa sataranji hana kingine cha kupanda. Katika ujana wake alitwaa ubingwa wa wanawake wa Georgia mara mbili, akaleta medali za timu kutoka mashindano ya mataifa. Siku hizi vikombe vyake alivitumia kuwekea kalamu na miavuli. Hakupenda kuulizwa habari zake. Alichokitaka ni kitu kimoja tu: mwanafunzi akitoka mashindanoni, ashinde ashindwe, asimame kwenye ubao mkubwa wa ukutani, awaonyeshe wenzake mchezo wake tangu mwanzo hadi mwisho.

"Aliyeshindwa atatufundisha, aliyeshinda atatuburudisha," alizoea kusema. "Anayejificha hatufai."

Majira yale ya kuchipua, klabu iliandaa mashindano ya wasichana wa mkoa. Wawili wa kwanza wangekwenda Batumi kucheza fainali za taifa. Tamta alikuwa na miaka kumi na miwili, na Batumi ilimkosesha usingizi. Bibi yake alikuwa ameshatangaza mtaa mzima.

"Hata muuza jibini nimemwambia," alisema bibi. "Usije ukanitia aibu, mwanangu. Jibini yake ndiyo nzuri kuliko zote."

Ilipofika raundi ya mwisho, Tamta na rafiki yake Lile walikuwa wanaongoza kwa pointi sawa, na ilikuwa zamu yao kukutana. Nyuma yao kwa pointi moja alikuwa Khatia, msichana mpole kutoka mji wa Oni, milimani. Khatia alikuwa amewafunga wote wawili. Kwa hiyo, kama angeshinda mchezo wake wa mwisho, na mmoja wao akashindwa, angelingana na huyo aliyeshindwa na kumpita kwa kuwa alimfunga. Lakini kama Tamta na Lile wangetoka sare, wangepita wote wawili.

Tamta alilijua hilo. Alimvuta Lile pembeni, karibu na makoti.

"Shoga, tutoke sare tu," alinong'ona. "Tunacheza cheza kidogo, halafu mimi naomba sare, wewe unakubali. Batumi hiyooo!"

Lile alisita. "Si udanganyifu huo?"

"Udanganyifu wapi? Sare si ipo kwenye sheria? Acha woga bwana!"

"Na Khatia je?"

"Khatia ana miaka kumi na mmoja. Atakwenda mwakani."

Lile aliangalia viatu vyake, kisha akatikisa kichwa kukubali.

Wakaketi. Mwanzoni walicheza kama wachezaji wa kweli, wakikunja nyuso, wakishika mashavu. Lakini Lile, kwa kuwa moyo wake haukuwa mchezoni, aliweka malkia wake mahali pabaya kabisa. Tamta aliona papo hapo. Farasi wake angeruka katikati ya ubao, angemtishia mfalme na malkia kwa pamoja, na malkia angepotea. Mkono wake ulianza kwenda wenyewe. Kisha akakumbuka mapatano, akaurudisha.

"Naomba sare," alisema.

"Nimekubali," alisema Lile haraka.

Wakapeana mikono. Tamta alipoinua macho, alimwona Khatia amesimama nyuma ya kiti cha Lile. Alikuwa ameshamaliza mchezo wake, na alikuwa ameshinda. Tamta alingoja kisirani, hata tusi. Khatia akaketi taratibu kwenye kiti alichokiacha Lile.

"Pole, dada," alisema Khatia. "Ulikuwa umeshinda kabisa. Tazama, farasi hapa. Mfalme na malkia wote wawili." Alirudisha kete mahali pake, akamwonyesha. "Najua ni woga wa raundi ya mwisho. Hata mimi hunipata, naona giza tu. Ukifika Batumi usiogope, wewe unacheza vizuri. Nitakuwa nakuombea."

Akainuka, akachukua koti lake, akaenda alikokuwa baba yake. Baba alimfunga kitambaa shingoni, wakatoka kwenda kupanda gari lao kuukuu. Tamta alibaki amekodolea macho yule farasi. Laiti angetukanwa! Tusi angelijibu. Wema ule hakuwa na jibu lake.

Baada ya medali kuvalishwa, Mwalimu Nargiza alipiga makofi. "Haya, Tamta. Ubaoni. Tuonyeshe."

Tamta alisogeza kete ukutani moja baada ya nyingine, wenzake wakitazama. Alipofika pale malkia wa Lile alipowekwa vibaya, aliacha kusogeza.

"Halafu?" aliuliza mwalimu.

"Halafu... tukatoka sare."

Mtoto mdogo wa mstari wa mbele alipayuka, "Mbona farasi anakula malkia? Hata mimi naona!"

Watoto wakaangua kicheko. Mwalimu Nargiza hakucheka. Aliwaambia wote waende wakanywe chai, akabaki na Tamta.

"Hukuona?" alimwuliza.

Tamta angeweza kusema hakuona. Khatia alikuwa amekwisha kumtafutia kisingizio kizuri. Badala yake machozi yalimwagika. "Niliona, Mwalimu. Tulipatana kabla ya mchezo, pale karibu na makoti. Lile aliniuliza kama si udanganyifu. Mimi ndiye niliyemshawishi Lile."

Mwalimu alikaa kitako, ghafla akaonekana mzee. "Mwaka fulani, kule Tbilisi, nilihitaji ushindi mmoja tu niende kuwania taji la dunia. Nikafungwa. Nililia wiki nzima. Lakini mchezo ule nimewaonyesha watoto wa hapa kwa miaka thelathini, na sijaona haya hata siku moja. Huu wako utamwonyesha nani?"

Tamta alifuta machozi kwa kiganja.

"Mimi sitamwendea mwamuzi kule mezani kwake," aliendelea mwalimu. "Miguu unayo."

Safari ile ya kuvuka chumba ilikuwa ngumu kuliko michezo yote aliyowahi kucheza. Mwamuzi alimsikiliza, akamwita Lile, na Lile akakiri. Mwamuzi hakusitasita: wote wawili waliondolewa, na nafasi za Batumi zikaenda kwa Khatia na msichana aliyemfuata. Simu ilipigwa, na gari kuukuu likageuzwa njiani. Khatia aliporudi na kuvalishwa medali, alimtazama Tamta kwa mshangao. Safari hii hakumkaribia.

Nyumbani, bibi alivua miwani, akaifuta kwa muda mrefu, akakataa chakula. Lakini bibi alikuja kusamehe. Lile hakusamehe.

"Kama ulitaka kutubu ungetubu peke yako," alimwambia Tamta mlangoni pa klabu. "Mimi nilikuuliza kama ni udanganyifu. Si nilikuuliza?"

Tangu siku hiyo Lile alicheza kwenye meza nyingine. Majuto ni mjukuu, na mjukuu huyu alimkalia Tamta kifuani.

"Nimesema kweli, Mwalimu," Tamta alilalamika siku moja, wakipanga kete. "Nafasi imerudi kwa mwenyewe. Mbona Lile hajarudi?"

Mwalimu Nargiza alifunga kisanduku, akamwekea mkono begani.

"Ulifanya vyema kukiri, na usijutie hilo. Ila ukweli uliochelewa hauponyi kila kidonda, mwanangu. Yule mtoto alikuuliza swali karibu na makoti. Pale ndipo ukweli wako ulipohitajika."