Dereva Mpya wa Mzee Ludovick

Jumamosi asubuhi pale Kijenge, kwenye sehemu ya kuoshea magari, hapakuwa na nafasi hata ya kuegesha baiskeli. Maji yaliruka huku na huko, kibanda cha chipsi kilipiga muziki kwa sauti ya juu, na povu la sabuni lilitiririka mpaka barabarani. Katikati ya vurugu hiyo lilisimama gari ambalo kila aliyepita aligeuka kulitazama: Toyota Crown ya zamani, nyeusi, ndefu, yenye vipazia vyeupe kwenye dirisha la nyuma. Kwenye kioo cha mbele palibandikwa karatasi: GARI LINAUZWA.

Loserian aliliona akiwa ng'ambo ya barabara, akasahau kabisa alikokuwa anakwenda. Alikuwa kijana mrefu, mwenye duka la dawa za mifugo Kwa Mrombo. Utotoni, kwao magharibi ya Mlima Meru, gari la namna hii lilipita mara chache likiwa limembeba mkubwa fulani, naye aliwaacha mbuzi wa baba yake waingie kwenye mahindi ya watu ili alitazame mpaka vumbi litulie. Alichapwa mara nyingi kwa ajili ya gari hilo.

Akavuka barabara. Akalizunguka polepole, akapitisha kiganja juu ya boneti lililolowa.

"Mrembo wewe," alinong'ona, "siku zote hizi ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa Moshono."

Akageuka kwa mshtuko. Nyuma yake alisimama msichana aliyevaa gauni la kitenge cha njano na raba nyeupe, nywele amesuka mistari, mkononi ana soda. Juu ya kiwiko palikuwa na alama ya unga wa ngano ambayo yeye mwenyewe hakuiona.

"Kaka, ulikuwa unaongea na mimi au na gari?"

"Na gari," alisema Loserian. Halafu akamtazama vizuri. "Lakini naweza kubadilisha."

Msichana akacheka. Jina lake Evaresta, mwoka keki za harusi na ubatizo. Loserian akaanza kulikagua gari kama mtu anayejua anachotaka. Alifungua boneti, akainama chini bila kujali tope, akaufunga mlango wa mbele na kuusikiliza ulivyofunga kwa mlio mzito. Kisha akafungua mlango wa nyuma ili aone viti, akakuta mtu.

Nyuma ya kile kipazia cheupe alikaa mzee wa kaunda suti ya kijivu, kofia magotini.

"Shikamoo mzee!"

"Marahaba. Umechelewa."

"Nimechelewa?"

"Nilisema dereva mpya afike mapema. Si ndiye wewe?"

Loserian akamgeukia Evaresta. Kicheko kilikuwa kimeshatoka usoni mwake. Macho yalikuwa yanaomba kitu ambacho mdomo haukuweza kukisema.

"Ndiye mimi, mzee," Loserian akajibu. "Naomba radhi."

"Usirudie."

Waliposogea pembeni, Evaresta alieleza kwa sauti ya chini. Yule alikuwa baba yake, Mzee Ludovick, zamani meneja wa kiwanda cha kahawa. Gari alilinunua enzi za kazi. Sasa kumbukumbu zilikuwa zinamtoka, leo hiki, kesho kile. Juzijuzi alichukua funguo, wakamkuta kwenye barabara ya Namanga amesimamisha gari katikati ya njia, hajui anakwenda wala anatoka wapi.

"Kaka yangu Nathanael yuko Dodoma. Amesema liuzwe, basi."

"Na wewe unasemaje?"

"Mimi najua ni lazima, ila roho inakataa. Wanunuzi wote nimewadanganya injini imekufa."

"Na mimi utanidanganyaje?"

Evaresta akaitazama soda yake. "Wewe nimeshindwa," akasema.

Hivyo ndivyo Loserian alivyoinunua Crown. Siku aliyokwenda Moshono kuichukua, Mzee Ludovick alitoka na kofia yake, akaingia nyuma, akafunga mlango, akasema, "Kanisani." Haikuwa Jumapili. Evaresta akasimama kibarazani, kadi ya gari mkononi, hajui la kufanya. Loserian akawasha gari, akamzungusha mzee mpaka parokiani, akamrudisha nyumbani akiwa ametulia kama mtoto aliyeshiba.

Tangu siku hiyo, gari lililouzwa likawa linarudi kila Jumapili. Loserian, Mlutheri tangu ubatizo, akawa anakaa misa nzima kwenye benchi la Wakatoliki kati ya mzee na binti yake. Na katikati ya wiki, simu zikawa haziishi.

"Halo, muuzaji."

"Halo, mnunuzi. Gari halijambo?"

"Linanung'unika. Linasema limezoea harufu ya keki, bila keki haliwaki."

"Mwongo mkubwa wewe!"

"Eva, tangu siku ile ya Kijenge silali vizuri."

"Kanunue godoro."

"Tatizo si godoro, mama."

"Basi tatizo nini?" aliuliza, huku akijua, huku moyo unamwenda mbio na mwiko umesimama katikati ya bakuli.

"Tatizo liko Moshono, limevaa kitenge cha njano."

Jumapili moja ya baridi, mzee akiwa amesinzia nyuma, mawingu yalifunguka na Meru ikatokea yote, mpaka kileleni. Loserian alisimamisha gari waitazame. Mkono wa Evaresta ulikuwa kitini, wa Loserian ukaja juu yake, na haukutolewa mpaka walipofika getini.

Lakini mzee alikuwa anazidi kuondoka. Alisahau jina la padri, akasahau njia ya chooni. Evaresta alimpikia ndizi kama alivyopika mama yake, akamwonyesha picha, akampeleka kwa madaktari. Walimjibu kwa upole kwamba ugonjwa huo haurudishwi nyuma. Ilikuwa kama kushika maji.

Ndipo ikaja siku ya mvua. Evaresta alikwenda kupeleka keki, akamwacha baba yake amelala. Aliporudi alikuta geti wazi na kitanda kitupu. Akakimbia njia zote za mtaa, viatu vimejaa tope. Jirani mmoja akamwambia, "Mbona nimemwona anaingia kwenye lile gari lenu jeusi?"

Alimpigia Loserian. Simu iliita, haikupokewa. Akapiga tena na tena. Mwishowe akampigia kaka yake.

"Nilikwambia!" Nathanael alifoka kutoka Dodoma. "Mtu hata kwao hupajui, unamzoesha baba! Akimsainisha hati ya kiwanja je?"

"Loserian hayuko hivyo."

"Yuko wapi sasa? Nijibu. Yuko wapi?"

Evaresta akakata simu. Alikwenda polisi, akaenda parokiani, akarudi akasimama getini bila mwavuli. Giza lilipoanza kuingia, Crown ikatokea, taa zimewaka. Mzee alishuka amevaa koti la Loserian. Loserian mwenyewe alikuwa amelowa chapachapa, macho mekundu.

"Umempeleka wapi baba yangu?"

Loserian alimtazama Evaresta, akamtazama mzee aliyesimama kati yao akipangusa kofia.

"Eva, tuongee baadaye."

"Baadaye lini? Nimezunguka mchana kutwa nikimtafuta kama maiti! Umempeleka wapi?"

"Siwezi kusema hapa."

"Huwezi?" Sauti yake ilikatika. Hofu ya mchana kutwa ikageuka hasira, na hasira ikapata maneno. "Nilikuuzia gari, Loserian. Sikukuuzia baba."

Kijana alipokea maneno hayo kama mtu aliyepigwa kofi mbele ya wakwe. Akamwinamia mzee, akasema, "Pumzika, mzee," akaingia garini, akaondoka. Baadaye alipiga simu. Evaresta hakupokea, kesho yake akaifungia namba ile, akajiambia ameifunga kwa ajili ya baba.

Jumapili ilipofika, Mzee Ludovick alivaa kaunda suti akasimama getini. Alisimama mpaka misa ikaisha. Wiki iliyofuata hivyo hivyo. Chakula akakigomea. Evaresta akaunguza keki mbili za harusi, akakaa sakafuni jikoni akizitazama tu, moshi umejaa. Hakujua aombe nini wala amwombe nani.

Asubuhi moja alikuwa anamlisha uji. Mzee akameza kijiko kimoja, akakunja uso.

"Wa kule hospitali ulikuwa mtamu kuliko huu."

"Hospitali gani, baba?"

"Si tulikwenda kumchukua mama yako? Aliruhusiwa. Tukakaa kwenye benchi na dereva, mvua ikanyesha. Dereva akaninunulia uji. Lakini mama yako hakutoka." Akafikiri kidogo, akashusha sauti. "Yule kijana alikuwa analia. Nadhani na yeye ana mgonjwa wake mle."

Evaresta akakiweka kijiko chini. Mama yake alifariki katika hospitali hiyo miaka mingi iliyopita, yeye akiwa bado sekondari.

Alimwita jirani aje akae na mzee. Hakubadilisha hata nguo. Alifika Kwa Mrombo na aproni yake yenye unga, akapita katikati ya mafungu ya parachichi na kelele za wauza mitumba, mpaka kwenye duka la dawa za mifugo. Loserian alikuwa anamweleza mama mmoja namna ya kumnywesha mbuzi dawa ya minyoo. Mama yule alipoondoka, akainua macho.

"Karibu, dada," alisema kwa upole wa mfanyabiashara. "Una mifugo gani?"

Neno hilo "dada" lilimchoma Evaresta kuliko tusi.

"Sina mifugo. Nina ulimi tu, na umekuumiza." Akashika meza kwa mikono miwili. "Baba ameniambia kuhusu benchi. Kwa nini hukusema siku ile?"

Loserian alipanga chupa ambazo zilikuwa zimeshapangwa.

"Nilimkuta peke yake barabarani, mvua inaanza. Simu nilikuwa nimeiacha hapa inachaji. Nikasema nimpitishe pale hospitali kidogo, ataridhika, nimrudishe. Tulipofika akamwuliza muuguzi mke wake yuko wodi gani. Muuguzi akatafuta, akauliza jina, akamweleza ukweli, kwa nia njema kabisa." Akaiachia chupa. "Eva, nilimwona alivyoupokea. Alilia mpaka kofia ikaanguka. Halafu akaniomba kitambaa, akajifuta, akakaa, akasema tuendelee kumsubiri. Alikuwa ameshasahau."

Sokoni mtu alicheka kwa sauti kubwa. Wao hawakusikia.

"Pale getini ningekwambia nini? Ningesema tulikwenda kumchukua mama yako, nawe ungesema mama alishakufa, naye amesimama pale pale. Sikuweza kumwona akifiwa mara ya pili kwa siku moja. Nikaona bora unichukie mimi."

Evaresta alilia bila kuficha uso. Loserian akazunguka meza, akasimama karibu yake, hajui kama anaruhusiwa kumgusa.

"Gari liko wapi?" aliuliza Evaresta.

"Nyuma ya duka. Siliendeshi. Nikishika usukani namsikia anakohoa kiti cha nyuma."

"Nisamehe, Loserian."

"Nilishakusamehe kabla hujafika kwenye mafungu ya parachichi. Nilikuona tangu kule." Akatabasamu kwa shida. "Mpenzi, ugonjwa wa baba yako sina dawa yake. Dawa nilizonazo ni za ng'ombe. Lakini kama ni kushindwa, usishindwe peke yako. Tushindwe wawili."

Hapo Evaresta akamwegemea, mbele ya soko zima, unga wa aproni ukahamia kwenye sweta lake.

Nathanael aliposimuliwa kwenye simu alisema, "Mwambie nasema ahsante," akakata kabla sauti haijamsaliti. Wazee wa Loserian walikubali kwenda Moshono kwa ajili ya posa. Lakini Evaresta alitaka kwanza baba yake aombwe, hata kama kesho yake hatakumbuka.

Loserian alikuja amevaa shati jeupe na koti, viatu vinang'aa. Mzee Ludovick alikuwa kwenye kiti chake sebuleni. Evaresta alisimama mlangoni na sinia ya chai.

"Mzee, nimekuja kuomba."

"Omba."

"Nampenda binti yako Evaresta. Naomba ruhusa niwalete wazee wangu."

Mzee akamtazama kwa macho ya kimeneja, ya zamani. "Evaresta?"

"Ndiyo, mzee."

"Kijana, huna haya? Evaresta yuko darasa la nne."

Vikombe viligongana kwenye sinia. "Baba," Evaresta alisema, "Evaresta ni mimi."

Mzee alimgeukia, akamwangalia kwa adabu, kama anavyoangaliwa mgeni. "Wewe dada ni mkarimu sana, Mungu akubariki. Lakini mwanangu bado mdogo."

Loserian akavuta kiti, akaketi mbele ya mzee.

"Basi nitasubiri akue, mzee."

"Subiri. Asome kwanza, amalize."

"Atamaliza."

"Na usimlize."

"Sitamliza, mzee."

Mzee Ludovick akamnyooshea mkono, wakapeana kama wanaume waliokubaliana jambo kubwa. "Aika," alishukuru kwa Kichaga, akageuza uso dirishani.

Evaresta alikuwa ameshakimbilia jikoni. Loserian akamkuta ameinamia sinki, khanga usoni.

"Umesikia?" aliuliza Evaresta. "Amekubali nisubiriwe, na mimi hanijui."

"Nimesikia." Akaishusha ile khanga taratibu. "Na wewe je, umeshakua?"

Kicheko kilimtoka pamoja na machozi. "Nimekua, Loserian."

"Shule umemaliza?"

"Nimemaliza."

"Basi nakuomba mwenyewe. Utanioa?"

"Mwanamke haoi, mjinga wewe! Anaolewa."

"Basi utaolewa na mimi?"

"Nitaolewa na wewe," alisema, akaweka paji la uso kifuani pake.

"Jamani!" Mzee aliita kutoka sebuleni. "Chai iko wapi?"

Wakaenda wote wawili, mmoja ameshika chupa ya chai, mwingine vikombe.